Neno Linapokipisha Kinanda

Ndugu msomaji, nina daftari la zamani ambalo jalada lake limeshang'oka. Ndani yake mna shairi langu moja la beti kumi na mbili. Vina vyake ni kamili, mizani zake hazipungui wala hazizidi, na shairi lenyewe halijaimbwa hata mara moja. Kosa la kutoimbwa kwake ni langu, na kosa hilo ndilo linalonisukuma leo kuandika juu ya mtu ambaye huenda wengi wetu tunaokutana hapa kwa ajili ya ushairi hatujapata kumjadili: Thomas Adès, Mwingereza, mpiga piano na mtunzi wa opera.

Nianze na daftari. Miaka mingi iliyopita niliombwa shairi la kumuaga mwalimu mkuu aliyekuwa akistaafu. Lilikuwa liimbwe na kwaya ya shule, na aliyepewa kazi ya kulitilia sauti alikuwa mwalimu wa muziki, mzee mpole, hodari wa kinanda. Nilimpelekea beti zangu nikiwa nimejaa majivuno. Ubeti wa kwanza ulianza hivi:

Bahari ina kishindo, mawimbi yake makali,
Umetuvusha kwa pendo, ukatufikisha mbali.

Mzee alizisoma beti zote kumi na mbili, akanyamaza kidogo, kisha akachukua penseli. Alipomaliza, mistari hiyo miwili ilikuwa imebaki hivi:

Bahari kali,
umetuvusha.

Mizani thelathini na mbili zimekuwa kumi! Nilimuuliza kishindo kimekwenda wapi, na mawimbi, na pendo. Akafunua kinanda, akapiga kwa mkono wa kushoto, chini kabisa. "Kishindo hiki hapa, mwanangu," akasema. "Mawimbi nayo nitayapiga. Wewe ukiyaandika na mimi nikiyapiga, watoto watasema jambo moja mara mbili." Nikauliza: "Na pendo, Mwalimu?" Akajibu: "Pendo limo katika namna watakavyoimba 'umetuvusha'. Likikosekana hapo, kuliandika hakutasaidia."

Nilikataa. Nilimwambia, kwa adabu ya maneno lakini si ya moyo, kwamba shairi si ukuni wa kuchanjwa. Alinirudishia karatasi yangu bila kinyongo, na mwalimu mkuu akaagwa kwa wimbo mwingine. Mzee yule sasa ni marehemu. Mimi nimebaki na beti zangu kumi na mbili, kamili, kimya.

Kwa miaka yote hiyo niliamini kuwa haki ilikuwa yangu. Aliyenitia shaka ni Adès, kwa njia ya opera yake iitwayo The Tempest, ambayo msingi wake ni tamthilia ya Shakespeare yenye jina hilohilo. Tamthilia hiyo sisi tunayo kwa Kiswahili tangu mwaka 1969, Samuel Mushi alipoitafsiri kwa jina la Tufani. Usiku mmoja nilikaa nikisikiliza rekodi ya opera hiyo huku Tufani iko mapajani, nikidhani nitafuata kisa ukurasa kwa ukurasa. Sikuweza. Maneno yalikuwa machache mno. Ukurasa mzima wa Prospero ulikuwa umekwisha kabla sijaumaliza kwa macho, na bado nilihisi kwamba hakuna kilichopotea. Nikamkumbuka mzee na penseli yake.

Kwa msomaji asiyeizoea sanaa hii, opera ni tamthilia inayoimbwa. Wahusika hupendana, hugombana, huomba radhi na hufa kwa wimbo, okestra ikiwa chini yao. Nyuma ya kila opera kuna watu wawili: mtunzi wa muziki na mwandishi wa maneno. Mwandishi huyo husahaulika upesi. Jina la mtunzi huandikwa kwa herufi kubwa na lake kwa ndogo, na wasikilizaji wengi hurudi nyumbani bila kulijua. Basi swali la makala haya ni swali la mwandishi yule wa pembeni: mshairi anayetaka neno lake liimbwe, ana wajibu gani wa kulipunguza? Na yule anayelipunguza, ana deni gani?

Thomas Adès alizaliwa London mwaka 1971. Mamake, Dawn Adès, ni mwanahistoria wa sanaa. Babake, Timothy Adès, amejulikana kwa jambo litakalowagusa malenga wa hapa: ni mfasiri wa mashairi anayeshikilia vina na mizani. Wafasiri wengi wa siku hizi huvua shairi vina vyake kama mtu avuavyo kofia mlangoni, lakini yeye huvitafutia vina vingine katika Kiingereza. Miongoni mwa aliowatafsiri ni Mfaransa Jean Cassou, ambaye wakati wa Vita vya Pili vya Dunia alitunga soneti 33 gerezani, kichwani mwake, bila kalamu wala karatasi. Sisi tuliolelewa na Sauti ya Dhiki ya Abdilatif Abdalla, diwani iliyotungwa gerezani na kutolewa mwaka 1973, twaelewa vizuri kwa nini mtu wa namna ile hushika vina. Kina ni kamba ya kumbukumbu. Pasipo na karatasi, ndicho kinachozuia shairi lisimwagike.

Kwa hiyo mtunzi huyu hakutoka katika nyumba inayodharau kina. Alilelewa penye heshima ya neno lililopimwa. Hilo nataka tulikumbuke tutakapofika kwenye penseli.

Alianza kama mpiga piano. Alijifunza ala hiyo London katika Guildhall, na mwaka 1989 alishika nafasi ya pili upande wa piano katika mashindano ya BBC ya wanamuziki vijana. Angeweza kufuata njia hiyo peke yake: ukumbi, koti jeusi, kazi za marehemu wakubwa. Akaenda King's College, Cambridge, akahitimu mwaka 1992, na mwaka huohuo akatunga kipande cha piano kiitwacho Darknesse Visible, yaani giza lionekanalo. Msingi wa kipande hicho ni wimbo wa John Dowland, Mwingereza wa kale aliyetunga nyimbo za sauti na ala ya nyuzi, uliochapishwa mwaka 1610. Ni wimbo wa mtu anayeomba kukaa gizani na huzuni yake.

Alichofanya Adès ni hiki. Aliyaondoa maneno yote. Hakuongeza noti hata moja ya kwake. Alizichukua noti za Dowland, akazitawanya toka chini ya piano hadi juu, nyingine zikitetemeka kwa kurudiwarudiwa upesi, nyingine zikigongwa ghafla kwa nguvu, kama mtu aliyeuvunja mtungi kisha akavipanga vigae vyake mbalimbali ili tuone mwanga ukipita katikati. Mwimbaji hayupo, mshairi hayupo, na huzuni imebaki palepale. Ukisikiliza kipande hicho unaelewa kwamba kijana wa miaka ishirini na moja alikwisha jiuliza lile swali la mzee wangu: baada ya neno kuondoka, ni nini kinachobaki cha neno?

Miaka mitatu baadaye alikuja na opera yake ya kwanza, Powder Her Face, iliyoonyeshwa mara ya kwanza mwezi Julai 1995 katika tamasha la Cheltenham. Maneno yake yaliandikwa na mwandishi wa riwaya Philip Hensher. Inahusu mwanamke wa tabaka la juu wa Uingereza, bibi aliyekuwa mke wa mtawala wa Argyll, ambaye talaka yake ilitapakaa magazetini na aibu yake ikawa burudani ya taifa. Waimbaji ni wanne tu, wapigaji kumi na watano. Mtunzi alikuwa na miaka ishirini na minne. Opera hiyo ilizua kelele kwa sababu ya uwazi wake katika mambo ya chumbani, lakini mimi kinachonigusa ni mwisho wake: mwanamke mzee anayedaiwa kodi ya chumba cha hoteli, anayefukuzwa, na ambaye hana tena wa kumwamuru. Mwaka 2009 Adès aliirudia opera hiyo akiwa na piano peke yake, akatengeneza kutoka kwayo vipande vinne vya kupigwa ukumbini. Maneno ya Hensher yameondoka yote, lakini kejeli imo vidoleni.

Nimeyataja haya kwa mfuatano ili tuone njia ya mtu huyu: kutoka piano hadi opera, na kutoka opera kurudi piano. Hajawahi kuiacha ala yake. Hata baada ya kuwa mtunzi na kiongozi wa okestra anayealikwa kila mahali, amekuwa akikaa kwenye piano kumsindikiza mwimbaji Ian Bostridge katika Winterreise, nyimbo 24 za Schubert zilizotungwa juu ya mashairi ya Wilhelm Müller. Kumsindikiza mwimbaji ni shule ya unyenyekevu. Mpigaji hujifunza pumzi ya mwenziwe inaishia wapi, neno gani linahitaji nafasi, na neno gani lingepumzika kama piano ingelisaidia. Naamini opera zake zilitungwa na masikio ya msindikizaji.

Sasa tufike kwenye Tufani. The Tempest ilionyeshwa mara ya kwanza tarehe 10 Februari 2004 katika Royal Opera House, London, Adès mwenyewe akiongoza. Prospero alikuwa Simon Keenlyside, na Caliban alikuwa huyo huyo Bostridge. Baadaye ilifika Metropolitan Opera ya New York mwaka 2012, na rekodi iliyotokana na maonyesho hayo ilipata tuzo ya Grammy ya rekodi bora ya opera mwaka 2014.

Aliyeandika maneno ni Meredith Oakes, mwandishi wa tamthilia aliyezaliwa Australia. Fikiri ujasiri wake. Mbele yake kuna maneno ya Shakespeare, ambayo Waingereza huyashika kama waumini washikavyo kitabu. Mstari wa kawaida wa Shakespeare una silabi kumi, nao hutiririka mmoja baada ya mwingine bila kina. Oakes hakuiweka mistari ile kama ilivyo. Aliivunja, akaandika yake mifupi mno, mingi yao ikienda miwili miwili kwa kina au kwa mlio unaokaribia kina. Hata ule wimbo mashuhuri wa Ariel juu ya baba aliyelala chini ya bahari aliubadili mpangilio wake. Mazungumzo marefu ya mabaharia mwanzoni hayapo. Okestra ndiyo inayovuma, na sauti za walio hatarini husikika zikitoka mbali.

Wapo waliomlaumu. Walisema ameushusha ushairi mkubwa ukawa vibwagizo vya watoto. Nikiwa nasoma maneno yake peke yake, bila muziki, nami nakubali kwamba ni membamba. Lakini hayakuandikwa yasomwe peke yake. Yaliandikwa yakiwa na nafasi ndani yake, kama nyumba iliyojengwa ikijua kuna mgeni atakayeingia na samani zake. Mshairi wa ukurasani hujaza kila chumba mwenyewe. Mshairi wa wimbo huacha vyumba viwili vitatu wazi.

Na angalia, ndugu msomaji, kichekesho kilichomo. Shakespeare aliandika tamthilia ile bila vina kwa sehemu kubwa. Mwalimu Nyerere alipotafsiri Juliasi Kaizari mwaka 1963 alifuata njia hiyo ya mistari isiyo na vina, na baadhi ya malenga wetu walijikuna vichwa. Oakes, alipotaka maneno yaimbwe, alirudi kwenye kina! Alikirudia kwa sababu ya sikio. Mstari mfupi wenye kina humwambia msikilizaji kwamba hapa pameisha, vuta pumzi, lingine linakuja. Hiyo ndiyo kazi ambayo vina vyetu vya kati na vya mwisho vimekuwa vikiifanya katika utenzi na shairi kabla ya yeyote wetu kujua kuhesabu mizani kwa vidole. Mstari wa utenzi una mizani nane. Kwa nini nane? Sidhani kama ilitoka mbinguni. Nadhani ilitoka kifuani mwa mtu aliyekuwa akiimba.

Hata hivyo sitaki kumsifu Adès mpaka nimfanye malaika. Kuna jambo moja katika opera hiyo linalonisumbua, nalo ni Ariel mwenyewe. Jini huyo ametungiwa sauti ya kike ya juu kupindukia, juu ya pale ambapo soprano wa kwaya zetu hufikia wakiwa wameinua nyusi. Kule juu maneno hayasikiki. Si kosa la mwimbaji. Kila irabu ina mlio wake ndani ya kinywa, na sauti ikipanda kupita mlio huo, a, e, i, o na u huanza kufanana zote. Kwa hiyo Oakes amepunguza maneno mpaka mfupani, kisha mtunzi ameuchukua mfupa wenyewe akautupa mawinguni. Msikilizaji hutegemea maandishi yanayoonyeshwa ukumbini ili ajue jini anasema nini.

Je, neno lisilosikika bado ni neno? Niliwahi kujibu kwa haraka: hapana. Leo najibu polepole zaidi. Ariel si binadamu. Mtunzi ametaka tusikie kiumbe ambaye lugha yetu haimtoshi, aliyefungwa ndani ya maneno ya bwana wake na anayenyoosha shingo kutoka ndani yake. Na mwishoni mwa opera, wageni wote wanapoondoka na kisiwa kinapobaki kwa Caliban, sauti ya Ariel husikika kwa mbali bila maneno. Amepata uhuru, na uhuru wake ni kutosema tena. Caliban ndiye, katika Shakespeare, anayelalamika kwamba alifundishwa lugha na faida aliyoipata ni kujua kulaani. Adès amempa Caliban huyo muziki wa upole na huzuni, na kisiwa chake, na kimya cha kukaa ndani yake. Mshairi yeyote wa nchi iliyowahi kutawaliwa kwa lugha ya mwingine atalisikia hilo tofauti na msikilizaji wa London.

Basi hapo kupotea kwa neno kuna maana. Lakini kila mtunzi anayepandisha sauti juu ya neno hana Ariel mkononi mwake. Katika opera ya tatu, The Exterminating Angel, iliyoonyeshwa Salzburg mwaka 2016 kwa maneno ya Tom Cairns kutokana na filamu ya Luis Buñuel, wageni wa karamu hushindwa kutoka chumbani bila sababu yoyote ionekanayo. Mlango uko wazi na hakuna anayevuka. Ilipofika Metropolitan Opera mwaka 2017, mwimbaji Audrey Luna alifikia noti iliyotajwa kuwa ya juu kuliko zote zilizowahi kuimbwa jukwaani hapo. Magazeti yaliandika juu ya noti ile. Ni wachache walioandika juu ya neno lililokuwa ndani yake. Hapo ndipo ninapomwomba mtunzi, kwa heshima zote, akumbuke aliyempa neno.

Kwa hiyo msimamo wangu ni huu, nami nauweka wazi ili mwenye hoja aupinge. Mshairi anayetaka kuimbwa hana budi kukubali kupunguzwa. Na mtunzi anayepunguza anabeba deni: kila alichokiondoa katika neno ni lazima akilipe kwa sauti. Mzee wangu alikuwa tayari kulipa. Aliondoa kishindo akakipiga kwa mkono wa kushoto. Anayekata maneno bila kuyalipa ameyaiba tu.

Najua majibu yatakayokuja. Ndugu zangu wa vina na mizani watasema nimejiunga na wavunja sheria. La hasha. Na ndugu zangu wa mashairi huru, waliopata moyo tangu Kichomi ya Kezilahabi ya mwaka 1974, watasema nimewaunga mkono. Nao pia hawajanielewa. Mgogoro wetu wa nusu karne umekuwa, kwa sehemu kubwa, mgogoro wa karatasi. Upande mmoja huhesabu mizani kwa macho, upande wa pili huivunja kwa macho. Pande zote mbili zimemwacha mwimbaji nje ya mlango, ilhali nyumba ni yake.

Angalieni tunayoyasahau tukiwa karatasini. Neno "barabara" lenye mkazo kwenye silabi ya tatu ni njia ya kupita. Mkazo ukisogea hadi ya pili, maana inakuwa sawasawa, bila kasoro. Mshairi anayehesabu kwa vidole hupata mizani nne kwa yote mawili na huridhika. Mtunzi wa muziki akiangusha pigo zito pasipostahili, njia imegeuka kuwa usahihi, na msikilizaji anacheka mahali pa kulia. Au chukua neno "mtu". Kwa mizani ni mbili, nasi twajivunia hesabu hiyo. Mwambie sasa mwimbaji aishikilie mizani ya kwanza kwa mapigo manne! Midomo imefungwa, atavumisha kama nyuki. Wanakwaya wetu wanalijua tatizo hilo kwa shida ya midomo yao, wakati vitabu vyetu vya arudhi hupita kimya. Kwa upande mwingine, silabi zetu karibu zote huishia kwa irabu, mlango uko wazi, sauti inatoka bila kugonga ukuta. Lugha chache zimeumbwa kwa wimbo kama hii yetu. Ni aibu kuitunza kwa ajili ya macho tu.

Wala jukwaa si geni kwetu. Mathias Mnyampala na wenzake wa UKUTA walilipandisha shairi jukwaani kwa ngonjera, wahusika wakijibizana kwa beti mbele ya hadhira. Tendi zimeghaniwa usiku kucha pwani yetu. Taarabu imewafundisha wasikilizaji kulipima neno moja kwa dakika nzima huku fidla zikilizunguka. Tunacho cha kuanzia. Ningependa siku moja nisikie Tufani ikiimbwa kwa Kiswahili, si kwa kuiga muziki wa Adès, bali kwa kuiga unyenyekevu wa Oakes: mshairi wetu aichukue tafsiri ya Mushi kwa heshima, aikate kwa mkono usiotetemeka, na aache vyumba wazi kwa ajili ya zeze, kinanda na ngoma. Caliban wetu hatahitaji kuelezwa anahuzunikia nini.

Nimalizie nilikoanzia. Juma lililopita nilitoa lile daftari nikatafuta penseli. Nilikusudia kulifanyia shairi langu, nikiwa mzee sasa, kile nilichomkatalia mzee yule. Beti saba zilikwenda bila maumivu. Nilishangaa jinsi nilivyozilinda kwa miaka yote hiyo. Nikafika kwenye ubeti wa kwanza. Nilifuta kishindo, nikafuta mawimbi, maana nilikwisha kuyasikia yakipigwa.

Pendo nimeshindwa kulifuta. Labda ni udhaifu, labda ndipo neno linapodai haki yake. Shairi sasa ni fupi, lina nafasi ndani yake, na halina mwenyewe. Mwenye kinanda na alichukue, na kama ataona pendo nalo linazidi, namruhusu penseli.